Rai ya kisheria isiyompendeza aliyeiomba: niliyojifunza kwa Jaji Jules Basdevant

Nilipokuwa wakili wa mwaka wa pili, ofisi niliyofanyia kazi ilipokea jalada la ajali ya baharini. Meli ya mizigo yenye bendera ya kigeni ilikuwa imeigonga usiku mashua ya wavuvi, mbali nje ya maili 12 za maji ya kitaifa, na wavuvi wawili wakafa maji. Familia zao hazikuja kuulizia fidia. Mzee aliyezisemea alitaka jambo moja tu, kwamba afisa aliyekuwa zamu usiku ule ashtakiwe hapa kwetu, mbele ya mahakama ambayo yeye na wajane wale wangeweza kuingia, wakakaa kwenye benchi na kusikiliza. Niliagizwa niandike rai ya kisheria. Nilimwonea huruma mzee yule na nilitamani apate alichokitaka, na kwa kuwa shauri la Lotus nililolisoma chuoni, hukumu ya mwaka 1927 iliyoiruhusu Uturuki kumshtaki afisa wa meli ya kigeni baada ya ajali kama hii, lilikuwa bado bichi kichwani mwangu, niliandika kurasa kumi na moja za kumhakikishia kwamba inawezekana.

Haikuwezekana. Mkataba wa Umoja wa Mataifa wa Sheria ya Bahari wa mwaka 1982, ambao Tanzania iliuridhia mwaka 1985, unasema katika Ibara ya 97 kwamba meli zikigongana katika bahari kuu, nahodha au mhudumu mwingine wa meli hawezi kufunguliwa mashtaka ya jinai isipokuwa na nchi ya bendera ya meli hiyo, yaani nchi ilikosajiliwa, au nchi ambayo yeye ni raia wake, na Ibara ya 58 inaifikisha kanuni hiyo mpaka ndani ya ukanda wa kiuchumi wa maili 200. Wakili wa upande wa pili alitueleza hayo kwa barua ya ukurasa mmoja, wakati familia zilikuwa zimekwisha kusubiri miezi saba. Mkataba wenyewe ulikuwa kwenye rafu nyuma ya kiti changu.

Ninawaandikia mawakili vijana wanaotaka kuingia katika sheria ya kimataifa, na ushauri wangu ni mmoja: jifunzeni kumwandikia mtu anayewalipa, au mnayempenda, jambo asilotaka kulisikia. Nilijifunza hilo baada ya kosa langu, nilipoamua kumfuatilia mtu aliyesimama upande wa Ufaransa katika shauri lile la Lotus, ambaye vitabu vya chuoni vilimtaja kwa jina tu, kisha vikaendelea na mambo mengine.

Usiku wa tarehe 2 Agosti 1926, meli ya barua ya Kifaransa iitwayo Lotus, ikielekea Constantinople, iligongana na meli ya makaa ya mawe ya Kituruki iitwayo Boz-Kourt katika bahari kuu, karibu na kisiwa cha Mitylene. Boz-Kourt ilikatika vipande viwili na kuzama, na Waturuki wanane wakafa. Lotus iliwaokoa kumi na kuendelea na safari, na ilipofika bandarini Waturuki walimkamata Luteni Demons, afisa wa zamu wa meli hiyo, pamoja na nahodha wa Boz-Kourt aliyenusurika. Demons alihukumiwa siku 80 jela na faini. Ufaransa ililalamika kwamba Uturuki haikuwa na mamlaka ya kumshtaki Mfaransa kwa jambo lililotokea ndani ya meli ya Kifaransa nje ya maji ya Kituruki, na nchi zote mbili zikakubaliana kulipeleka suala hilo katika Mahakama ya Kudumu ya Haki ya Kimataifa mjini The Hague.

Wakala wa Ufaransa, yaani mwakilishi wake mbele ya Mahakama, alikuwa Jules Basdevant, profesa wa sheria mjini Paris, wakati huo akikaribia umri wa miaka 50. Alidai kwamba ni Uturuki inayopaswa kuonesha kanuni ya sheria ya kimataifa inayoiruhusu kushtaki. Tarehe 7 Septemba 1927 Mahakama iligawanyika majaji sita kwa sita, na kwa kura ya ziada ya Rais wake, Max Huber, ikaamua kinyume: ni Ufaransa inayopaswa kuonesha kanuni inayokataza, na haikuionesha. Hiyo ndiyo hukumu niliyoikariri chuoni. Sikufundishwa, au pengine nilifundishwa nisisikilize, kwamba kanuni ile ya kugongana kwa meli ilipinduliwa baadaye na mikataba: ule wa Brussels wa mwaka 1952, ule wa Geneva wa mwaka 1958, kisha huu wa mwaka 1982. Hoja aliyoshindwa nayo Basdevant ndiyo iliyokuja kuandikwa kuwa sheria, na mimi niliandika rai yangu kana kwamba dunia ilisimama mwaka 1927.

Kwa hiyo, kabla hujaitegemea hukumu yoyote, iulize imefikwa na nini tangu siku iliposomwa. Sisemi uangalie tu kama imetenguliwa na mahakama nyingine, kwa sababu katika sheria ya kimataifa hukumu mara nyingi hubaki ilivyo, ikisifiwa darasani, huku nchi zikikutana mahali pengine na kuandika mkataba unaokwenda njia tofauti.

Basdevant alizaliwa mwaka 1877 katika kijiji cha Anost, kwenye milima ya Morvan, na alifundisha Grenoble kabla ya kuhamia Paris mwaka 1918. Kuanzia mwaka 1930 alikuwa mshauri wa sheria wa Wizara ya Mambo ya Nje ya Ufaransa. Kazi hiyo ni ngumu kuliko inavyoonekana. Mshauri wa wizara haulizwi kila mara sheria inasemaje; mara nyingi huulizwa jambo lililokwisha kuamuliwa litapambwaje kwa maneno ya sheria. Ufaransa ilipokwisha kushindwa vitani na serikali ya Vichy, iliyotawala Ufaransa baada ya kushindwa huko, kuingia katika njia ya kushirikiana na Ujerumani, Basdevant aliandika barua ya kujiuzulu, mwezi Mei mwaka 1941, akiwa na miaka 64. Wakati ule wako wengi waliobaki katika nafasi zao na kuendelea kuandika walichoagizwa.

Sitamwambia wakili kijana mwenye kodi ya nyumba na wadogo wa kusomesha ajiuzulu kila anapobanwa. Ninachomwambia ni kwamba siku ya kubanwa kweli haiji na tangazo. Huanza na sentensi ndogo, kama ile niliyoambiwa mimi siku nilipokabidhiwa jalada lile, kwamba niandike kitu kitakachosaidia. Aliyeniagiza hakuwa mtu mbaya wala hakuniomba niseme uongo. Mimi ndiye niliyelielewa neno kusaidia kuwa ni kukubali.

Mwezi Aprili mwaka 1945, kamati ya wanasheria ilipokutana Washington kuandaa rasimu ya katiba ya mahakama mpya ya dunia, Basdevant ndiye aliyekuwa mwandishi wa taarifa yake. Mwaka uliofuata alichaguliwa kuwa jaji wa mahakama hiyo mpya, yaani Mahakama ya Kimataifa ya Haki, akawa makamu wa rais, na kuanzia mwaka 1949 hadi 1952 akawa Rais wake. Aliondoka mwaka 1964 akiwa na miaka 86, akafariki kijijini kwao miaka minne baadaye.

Katika miaka hiyo yote, shauri ninalolirudia zaidi ni lile la Minquiers na Ecrehos. Ni visiwa vidogo na miamba kati ya kisiwa cha Jersey na pwani ya Ufaransa, ambavyo Ufaransa na Uingereza zilivigombea kwa hoja zilizorudi nyuma mpaka enzi za watawala wa Normandy. Aliyeitetea Ufaransa alikuwa André Gros, mshauri wa sheria wa wizara ileile, akiwa katika kiti alichokikalia Basdevant kabla yake. Wahenga walisema mwamba ngoma ngozi huivutia kwake, na hakuna ambaye angeshangaa kama jaji Mfaransa angetafuta njia ya kuandika hukumu yake ya kupinga. Tarehe 17 Novemba 1953 Mahakama iliamua kwamba visiwa hivyo ni vya Uingereza, na iliamua kwa kauli moja. Basdevant alikuwamo ndani ya kauli hiyo. Aliandika rai yake binafsi kueleza njia yake mwenyewe ya kufikia uamuzi uleule, yaani hakuinua mkono tu na kukaa kimya, bali aliwaeleza wenzake na nchi yake kwa nini. Gros ndiye aliyekuja kurithi kiti chake Mahakamani mwaka 1964, na ninapenda kuamini kwamba aliisoma rai ile zaidi ya mara moja.

Lakini uadilifu haupimwi kwa kupiga kura dhidi ya kwenu. Mwaka 1957, katika shauri la mikopo ya Norway, Mahakama ilikataa kuisikiliza Ufaransa kwa kuwa haikuwa na mamlaka, na Basdevant aliandika hukumu ya kupinga akisema inayo. Na mwaka 1962, Ethiopia na Liberia zilipokuwa zimeishtaki Afrika Kusini kuhusu Afrika ya Kusini Magharibi, ambayo leo ni Namibia, Mahakama ilikubali kwa kura 8 kwa 7 kwamba inaweza kulisikiliza shauri hilo, naye alikuwa miongoni mwa wale saba. Hapo sikubaliani naye hata kidogo. Ninawapa vijana ninaowalea kiofisi rai yake hiyo, nami huwataka wamjibu kwa maandishi, kwa sababu mtu hajajua uzito wa hoja yake mpaka ameisoma hoja ya mpinzani makini na kuipa haki yake yote.

Tangu jalada lile la wavuvi nimejiwekea utaratibu ambao bado ninaufuata. Rai yoyote ninayoiandika huanza na sehemu inayomuumiza mteja, tena katika ukurasa wa kwanza na kwa maneno ambayo hayahitaji wakili mwingine kuyafasiri. Nikimaliza, humpa mwenzangu aisome kana kwamba ameajiriwa na upande wa pili, nami siipeleki kwa mteja mpaka atakapokosa cha kuniandikia pembeni. Hilo la maneno nalo nimelichukua kwa Basdevant, aliyesimamia kamusi kubwa ya istilahi za sheria ya kimataifa iliyotoka mwaka 1960, akiwa amevuka miaka 80. Sisi tunaofanya kazi kwa Kiswahili tuna deni kubwa hapo, na kila wakili anaweza kulipunguza kwa daftari lake mwenyewe, akiandika neno, mahali alipolikuta na maana aliyoikusudia.

Nilipoandika rai ya pili, niliipeleka mwenyewe kijijini. Ilieleza kwamba mashtaka ya jinai hayawezi kufunguliwa hapa, kwamba tunaweza kuiomba nchi ya bendera imchunguze yule afisa bila kuwa na uwezo wa kuilazimisha, na kwamba dai la fidia dhidi ya mwenye meli bado lipo hai kwa kuwa Ibara ya 97 inahusu jinai na nidhamu tu. Mzee aliniuliza kwa nini sikumwambia hivyo tangu mwanzo, nami nilimjibu kwamba nilikosea. Hakunikaripia. Alinyamaza kwa muda, kisha akatuma mtoto akawaite wajane wote wawili, tukatandikiwa mkeka barazani, akaniomba niwasomee karatasi yote kwa Kiswahili, sentensi kwa sentensi, nikianza na ile inayosema haiwezekani.