Mkuu usiandike chochote kwenye hizo chipu kwanza

Mkuu funga hiyo programu sasa hivi. Eti umesoma data ya amiibo yako (kile kisanamu cha Nintendo chenye chipu ndani inayosomwa na gemu) kwa simu unataka kuimwaga ilivyo kwenye chipu tupu za NTAG215, aina ile ile ya chipu za NFC, "ikigoma nafuta naandika upya". Haifutiki! Mimi nimeua pakiti nzima ya chipu kwa kauli hiyo hiyo, nilimwamini jamaa mmoja wa video anaongea kama kazizaa yeye hizo chipu, andika tu hata mara mia, anasema.

Iko hivi. Chipu ina baiti 540, kurasa 135 za baiti nne nne, zinahesabiwa kuanzia 0. Mwanzoni kabisa kuna UID, namba ya kiwandani ya baiti saba, hiyo hubadilishi. Data ya sanamu imefumbwa kwa funguo zinazotokana na hiyo UID halafu ikatiwa saini ya kuhakiki kwamba haijachezewa, kwa hiyo ukiipeleka ilivyo kwenye chipu yenye UID nyingine, gemu linapiga hesabu, saini haikubali, kwisha habari. Hapo bado ungerekebisha, kilichonimaliza mimi ni kufuli: lile faili la data uliyosoma linabeba na biti za kufuli, zinazozuia kurasa zisiandikwe tena, ziko ukurasa wa 2 na wa 130, na biti ya kufuli ikishakuwa 1 hairudi 0 hata ulie. Sehemu ya kusevu gemu inabaki wazi, ila utambulisho wa mhusika pamoja na saini yenyewe vinafungwa humo humo vikiwa vibovu. Na mimi na akili zangu nikasema labda chipu mbovu, nikachukua nyingine, na nyingine, mpaka pakiti ikaisha. Sasa hivi nazitumia kuwekea alama vitabuni, angalau nasoma. Yule jamaa kumuuliza ananijibu "hizo feki kaka". Feki wewe!

Soma UID ya chipu mpya KWANZA, data ifumbwe upya kwa UID hiyo, andika, soma ulichoandika ulinganishe, kufuli mwisho kabisa. Programu isiyoanza na kusoma UID itoe kwenye simu.

Anza na chipu moja. Moja mkuu! Kabla hujaandika weka hapa ukurasa wa 2 na wa 130 zinasomaje, zile baiti mbili za mwisho za ukurasa wa 2 na tatu za kwanza za ukurasa wa 130 zikiwa sifuri bado hujachelewa.