Re: Walker maana yake babu yao alikuwa mtembezi?

Hapana mkuu, babu wa kina Walker, hilo jina la ukoo la Waingereza, hakuwa mtembezi, na hilo swali lako la kwa nini kina Smith wamejaa vile linajibika pia. Zamani Uingereza kitambaa cha sufu kikishafumwa kinalowekwa kwenye maji na udongo maalum au mkojo uliochacha (ndo ilikuwa sabuni yao) halafu mtu anaingia humo anakikanyaga kwa miguu weee mpaka nyuzi zishikane kiwe kizito, sasa huyo mkanyagaji ndo Walker. Utamu uko hapa, kazi hiyohiyo kusini mashariki walimwita Fuller na kusini magharibi Tucker, kwa hiyo jina lenyewe linakudokezea ukoo umetokea upande gani.

Smith ni mhunzi, kila kijiji kilimtaka, majembe, viatu vya farasi, bawaba, lazima wajae tu.

Kabla Wanormani (watu wa kaskazini mwa Ufaransa) hawajaivamia Uingereza 1066 watu wengi walikuwa na jina moja, na ubini ukiwepo unabadilika kila kizazi, yani Juma Hamisi anamzaa Ali Juma. Kurithi jina kulianza kwa wenye ardhi zao, wakulima wakafuata taratibu, kufika 1400 hivi wengi walishakuwa nalo.

Johnson ni mwana wa John, hata Fitz ya Fitzgerald ni hivyohivyo, mwana wa, imetoka Kifaransa cha Wanormani. Wanaosema kila Fitz ni mtoto wa nje wa mfalme wanachanganya na FitzRoy (yani mwana wa mfalme), maana mfalme Henry VIII wa Uingereza alimpa mwanawe wa nje jina hilo.