Ukipewa uhusika wa mama ungali binti, usikatae

Wiki hii msomaji mmoja ameniandikia: "Dada, nina miaka 26 na kila tamthilia wananipa niwe mama mtu. Nikatae?" Usikatae, mdogo wangu. Nakujibu hapa hadharani kwa sababu najua mko wengi.

Mimi nilianza kuigiza kina mama kabla hata sijaolewa. Walinimwagia poda ya watoto kichwani iwe mvi, wakanifunga khanga, na jua la Bagamoyo lilivyokuwa kali poda ilichuruzika na jasho hadi machoni. Aliyeigiza mwanangu alikuwa kaka aliyenizidi umri. Niliosoma nao walikuwa tayari kwenye mabango.

Aliyenitia moyo ni mwigizaji Angela Lansbury, yule aliyeigiza Jessica Fletcher katika tamthilia ya televisheni ya Murder, She Wrote. Alizaliwa London mwaka 1925, vita ikampeleka Marekani mwaka 1940. Alikuwa muuzaji dukani Los Angeles kabla studio ya filamu ya MGM haijamchukua, na filamu yake ya kwanza tu, Gaslight ya 1944, ikamfanya ateuliwe kuwania Oscar, tuzo kubwa ya filamu Marekani. Mwaka uliofuata akateuliwa tena. Ungedhani sasa atapewa kuwa mrembo wa filamu? Wapi! Waliendelea kumpa wanawake waliomzidi umri. Mwaka 1961 akawa mama wa mwimbaji Elvis Presley kwenye filamu, na alimzidi Elvis miaka 9 tu. Mwaka 1962, katika filamu ya The Manchurian Candidate, akawa mama wa mwigizaji Laurence Harvey, na hao walipishana miaka 3. Mtazameni mama yule: mkatili, mtulivu, sauti haipandi, na huwezi kumwangalia mtu mwingine akiwa kwenye skrini. Akateuliwa mara ya tatu. Mara zote tatu hakushinda.

Mwaka 1966 akang'ara kwenye majukwaa ya Broadway, New York, katika mchezo wa Mame, akapata Tony, tuzo ya michezo ya jukwaani. Filamu ya mchezo huo ilipotengenezwa mwaka 1974, nafasi yake akapewa mwigizaji mwingine, Lucille Ball.

Hapo nanyamaza kidogo, maana yamenikuta. Kuna mchezo niliubeba jukwaani tangu mazoezi ya kwanza. Ulipopata wafadhili wa televisheni, nilipigiwa simu nikaombwa nimfundishe dada aliyechukua nafasi yangu namna ya kutembea kama mhusika yule. Nilienda, nikamfundisha vizuri. Bado inaniuma, na sioni aibu kusema.

Lansbury alianza Murder, She Wrote mwaka 1984, akiwa na miaka 58. Vipindi 264, hadi 1996! Kila msimu aliteuliwa kuwania Emmy, tuzo ya televisheni, mara 12, wala hakupewa. Aliendelea na kazi, na waigizaji wa zamani waliosahauliwa na Hollywood akawaita kwenye kipindi chake wapate riziki. Heshima ya namna hiyo hainunuliwi, ndugu zangu. Vijana wa leo mnataka bango kabla ya mazoezi; mnasoma mistari yenu tu, skripti nzima hamuijui. Someni yote. Nasema tena, someni yote! Mimi leo naitwa kwa jina langu kwenye seti kwa sababu ya kina mama wale wa poda.

Basi mdogo wangu, mpokee huyo mama. Jiulize alikuwa nani kabla ya kuzaa, anamficha nini mumewe, mkono wake ukoje akishika kikombe. Halafu dai mkataba ulioandikwa, wenye tarehe ya malipo, kabla hujapanda gari la kwenda kurekodi.