Bei ya Wastani Haijawahi Kunipatia Chupa Hata Moja

Wiki iliyopita msomaji mmoja aliniandikia ujumbe mfupi wenye hesabu ndefu. Alikuwa amesoma takwimu za Shirika la Kimataifa la Mzabibu na Mvinyo (OIV) za mwaka 2023, akaona kwamba mvinyo uliouzwa nje ya nchi ulikotengenezwa ulifikia takriban hektolita milioni 99 (hektolita moja ni lita 100) zenye thamani ya euro bilioni 36. Akagawanya, akapata euro 3.6 kwa lita, yaani kama euro 2.70 kwa chupa ya kawaida ya mililita 750. "Ndugu," akauliza, "nyinyi waagizaji mnatuuzia mara nne ya bei hiyo kwa sababu gani kama si ulafi?" Neno hilo la ulafi lilinichoma, lakini kilichoniuma zaidi ni kwamba hesabu yake naifahamu vizuri. Ndiyo iliyonifilisi.

Nilipoanza kazi hii sikuwa na mtaji wa maana. Nilikuwa na kompyuta, jedwali la takwimu za forodha, na kiburi cha mtu anayedhani kwamba wafanyabiashara waliomtangulia hawajui kugawanya. Nilichukua thamani ya mvinyo uliotoka Hispania, nikaigawanya kwa lita, nikaongeza nauli ya meli na faida niliyoiona ya haki, kisha nikaenda kwa wenye hoteli watatu na bei iliyoandikwa kwenye karatasi nzuri. Wote watatu walikubali mara moja, jambo ambalo lilipaswa kunitia wasiwasi. Tukaandikiana mkataba wa mwaka mzima, bei isiyobadilika.

Ndipo nikaomba ankara ya awali, yaani karatasi ya bei ambayo muuzaji huitoa kabla ya mauzo, kutoka kwa mwenye kiwanda, na bei yake ilikuwa zaidi ya mara mbili ya ile niliyoipata kwenye jedwali. Nilimjibu kwa ukali, nikimwambia kwamba takwimu za nchi yake mwenyewe zinamuumbua. Alinijibu kwa sentensi moja ya upole: je, nilikuwa nataka mvinyo wa chupa au wa tangi? Sikujua kwamba kuna tofauti.

Tofauti hiyo ndiyo biashara yenyewe. Mwaka huo wa 2023 Hispania iliuza nje karibu hektolita milioni 21 kwa euro bilioni 2.9 hivi, ambazo ni kama euro 1.40 kwa lita, ilhali Ufaransa iliuza kiasi kisichofika hektolita milioni 13 kwa takriban euro bilioni 11.9, ambazo ni zaidi ya euro 9 kwa lita. Sehemu kubwa ya mvinyo wa Hispania huondoka bila chupa wala lebo, ukiwa ndani ya matangi au mifuko mikubwa ya plastiki inayotandikwa ndani ya kontena, ukaenda kufungashwa na watu wengine kwa jina lingine. Ukiuchanganya huo na wa chupa, unapata bei ambayo hakuna muuzaji yeyote anayeuza. Kwa hiyo, ndugu zangu, kabla hamjagawanya chochote tazameni namba ya forodha: ndani ya 2204, ambalo ni fungu la mvinyo wa zabibu, namba 2204.10 ni mvinyo wenye mapovu, 2204.21 ni wa vyombo visivyozidi lita 2, 2204.22 ni wa vyombo vya zaidi ya lita 2 hadi 10, na 2204.29 ni wa vyombo vikubwa zaidi. Mimi nilisoma jumla tu.

Kosa la pili lilikuwa dogo kwenye karatasi na kubwa mfukoni. Nchi nyingi hurekodi mauzo ya nje kwa bei ya FOB, yaani mzigo ukiwa umeshapakiwa melini, lakini mvinyo uleule unapoingia nchi nyingine hurekodiwa kwa bei ya CIF, ambayo ina nauli na bima ndani yake, na katika nchi nyingi ushuru hukokotolewa juu ya hiyo CIF. Chukua mfano wa chupa ya euro 3 FOB. Nauli na bima zikiwa senti 50, imefika 3.50. Ushuru wa forodha ukiwa asilimia 20, ni 4.20. Ushuru wa bidhaa ukiwa euro 1.50 kwa kila chupa, ni 5.70. Kodi ya ongezeko la thamani ya asilimia 20 ikikaa juu ya yote hayo, ni 6.84, na hapo bado mwagizaji, msambazaji na mwenye duka hawajapata hata senti. Kwa viwango hivyohivyo chupa ya euro 10 inafika 16.92. Ile ya bei nafuu imeongezeka zaidi ya mara mbili, ile ya ghali haijafika mara mbili, kwa sababu ushuru wa bidhaa unaotozwa kwa ujazo haujali ulinunua kwa bei gani. Huo ndio ulafi wangu.

Miezi iliyofuata sina haja ya kuieleza. Nilitimiza mkataba kwa hasara, kontena baada ya kontena, kwa sababu nilikuwa nimetoa neno langu. Kontena la mwisho lilikaa juani bandarini kwa sababu ya hati moja iliyokosewa, na tulipolifungua maboksi ya chini yalikuwa yamelowa na kunata, vizibo vikiwa vimesukumwa nje ya shingo za chupa kwa upana wa kidole. Mshirika wangu alitazama, akafuta mikono yake kwa leso, akaondoka. Hatujasalimiana tangu siku hiyo.

Leo mizigo yangu inafika salama na bei zangu hazinitishi, nami nasema hivyo bila kuona haya. Ombeni ankara ya awali kabla ya kumtajia mteja bei. Msiweke bei ya mwaka mzima wakati ushuru unaweza kubadilika kwa tangazo moja: wauzaji wa Australia waliona China ikiwatoza hadi asilimia 218.4 mwezi Machi 2021, na ushuru huo haukuondolewa hadi Machi 2024. Na tafadhali, ombeni ankara ya awali.

Msomaji wangu ameandika tena jana. Ameshaelewa habari ya tangi, na sasa anataka kuagiza mfuko mmoja wa lita 24,000 kwa bei ya tangi, auze kwa bei ya chupa. Nimemuuliza kama anazo chupa tupu 32,000 na mahali pa kuzijazia.