Muulize Shangazi: Nyumba ni ya milioni 5, mbona nitalipa karibu 13?

Swali: Shangazi, shikamoo. Mimi ni mwalimu wa shule ya upili, na mume wangu anafanya kazi mapokezi katika hoteli moja hapa Malindi. Tumepanga Muyeye, kodi shilingi 18,000. Sasa tumepata nyumba ya vyumba vitatu, bei milioni 5. Tuna akiba ya milioni 1, na benki imekubali kutukopesha milioni 4 kwa riba ya asilimia 14, miaka 20, kila mwezi shilingi 49,741. Mishahara yetu miwili inaweza kubeba. Lakini juzi usiku, watoto wamelala, nilichukua simu nikazidisha 49,741 mara miezi 240. Ikaja milioni 11.9. Nikafuta, nikarudia, ikaja ile ile. Mume wangu anasema nimekosea mahali, kwa sababu asilimia 14 ya milioni 4 ni 560,000 tu. Afisa wa benki naye anasema tukiona mzigo ni mzito tuchukue miaka 25. Nani kati yetu hajui hesabu?
*Mwalimu, Muyeye*

Jibu: Marahaba, mwalimu. Simu yako haina kosa. Ni shilingi 11,937,840. Ongeza ile milioni yenu ya akiba, na nyumba ya milioni 5 imewafikia karibu milioni 13. Mume wako naye hakukosea sana. Hiyo 560,000 ni sawa kabisa, ila ni riba ya mwaka mmoja, na nyinyi mnataka kukaa na pesa za watu miaka ishirini.

Chukua kalamu. Mwezi wa kwanza mnadaiwa milioni 4. Riba ya mwezi huo peke yake ni shilingi 46,667. Mnapeleka 49,741, benki inachukua riba yake kwanza, na kinachobaki kupunguza deni ni shilingi 3,074. Mwezi wa pili riba inahesabiwa kwa deni lililobaki, ambalo halijasogea hata kidole, na mchezo ni ule ule. Baada ya miaka mitano mtakuwa mmelipa karibu milioni 3, na deni litakuwa bado kama shilingi 3,735,000. Baada ya miaka kumi, nusu ya safari, deni ni milioni 3.2. Nusu ya deni mtaifikia mwaka wa kumi na sita. Mtoto aliye chekechea leo atakuwa anatafuta chuo.

Hapo benki haijawaibia. Ndivyo mkopo wa aina hii unavyofanya kazi kote duniani, na jedwali lake lipo. Liombe kabla hujatia saini, lile lenye safu ya riba, safu ya kinachopunguza deni na safu ya salio, mwezi kwa mwezi hadi wa 240. Afisa akikupa karatasi yenye rejesho la mwezi tu, mwambie utasubiri.

Sasa hiyo miaka 25. Hapa ndipo nilipoweka chai chini. Ukirefusha hadi miaka 25, rejesho linashuka hadi shilingi 48,150. Yaani unapumua shilingi 1,591 kwa mwezi, na kwa pumzi hiyo unaongeza miaka mitano na unalipa milioni 2.5 zaidi. Geuza sasa uende upande wa pili. Ukichukua miaka 15, rejesho ni 53,270. Ni shilingi 3,529 zaidi kwa mwezi, na jumla yote inashuka hadi milioni 9.6. Umeokoa zaidi ya milioni 2.3 kwa pesa ambayo nyumba yenye watoto wawili huila kwa soda na vocha za simu. Nisamehe, sijui mnavyoishi. Kwangu ilikuwa hivyo.

Na kama benki haitaki kuwapa miaka 15, chukueni 20 na mwongeze wenyewe. Shilingi 5,000 juu ya rejesho kila mwezi tangu mwezi wa kwanza inamaliza deni kwa miezi 165, yaani miaka 13 na miezi 9, na inawaokolea kama milioni 2.9. Shilingi ya ziada mwaka wa kwanza inakata riba ya miaka kumi na tisa inayofuata. Ukiiongeza mwaka wa kumi na nane haina kazi kubwa. Lakini andikeni barua kwamba pesa ya ziada inapunguza deni lenyewe, si rejesho la mwezi ujao lililolipwa mapema. Na kabla ya saini, ulizeni kama kuna faini ya kulipa mapema. Baadhi ya mikataba inayo, imefichwa ukurasa ambao mtu huufikia macho yameshachoka.

Nakuandikia haya kwa sababu nilipita hapo. Marehemu mume wangu alikuwa mpishi wa hoteli, mimi nikiandika hesabu katika duka la mbao na saruji. Tulikopa mwaka 1992 kununua nyumba ninayokaa hadi leo. Mwaka uliofuata shilingi ilianguka, mfumuko wa bei ukapita asilimia 40, na riba ya mkopo wetu ikapanda mara tatu kwa barua za mistari miwili. Hatukuwa na pesa ya kuongeza, tukaendelea kupeleka kile kile tulichokizoea, na pale benki hakuna aliyetuambia kwamba kile kile hakitoshi hata riba. Agosti 1997 zikaja fujo za Likoni, watalii wakakimbia pwani nzima, kisha mvua za El Niño zikakata barabara. Hoteli ikafungwa. Nilipokwenda kuuliza salio ili niombe nafuu, nikakuta tunadaiwa zaidi ya tulichokopa. Miaka mitano tumelipa, na deni limenenepa. Nilikaa kwenye benchi la nje mpaka bawabu akaniletea maji. Tulimaliza mwaka 2004, kwa vikuku vyangu vya dhahabu na kiwanja cha mamangu cha Mokowe. Ndipo nikaingia kazi ya mikopo katika sako, nikakaa huko miaka kumi na tisa.

Kwa hiyo swali langu kwako: hiyo asilimia 14, imefungwa isibadilike, au inaelea, yaani inapanda na kushuka ikifuata Benki Kuu? Kama inaelea, kumbuka kwamba riba ya msingi ya Benki Kuu ilikuwa asilimia 7 hadi Mei 2022, na Februari 2024 ilikuwa imefika 13. Baadaye ikaanza kushuka, alhamdulillahi, lakini aliyekopa mwaka 2021 alilala na rejesho moja akaamka na jingine. Ikiwa yenu itapanda kutoka 14 hadi 17 mapema, rejesho linakuwa 58,672. Na mkisema tutaendelea na 49,741, angalia: riba ya mwezi peke yake ingekuwa 56,667. Mtakuwa mmeingia kwenye kile kisima changu.

Ulizia kila benki na kila sako inayotoa mikopo ya nyumba kama wana pesa za KMRC. Hiyo ni kampuni iliyoanzishwa mwaka 2018. Haikukopeshi wewe, inazikopesha benki na sako fedha za muda mrefu ili nazo ziwakopeshe watu kwa riba isiyopanda wala kushuka, na wapo wanaotoa chini ya asilimia 10. Kuna masharti ya kiasi cha mkopo na kipato, na karatasi zake ni nyingi. Lakini milioni 4 kwa asilimia 9.5, miaka 20, ni shilingi 37,285 kwa mwezi na jumla ya milioni 8.9. Karibu milioni 3 mfukoni kwa kuzunguka ofisi tatu nne. Mimi ningezunguka.

Halafu akiba yenu haitoshi. Milioni 1 yote inakwenda kwa muuzaji, na bado ushuru wa stempu, ambao mjini ni asilimia 4 ya thamani: shilingi 200,000. Bado wakili wako, wakili wa benki (unamlipa wewe, naye anaitetea benki), mthamini, ada ya kufungua mkopo, bima ya maisha na bima ya moto. Ukianza kukopa kwa shangazi na wajomba ili kulipia gharama za kukopa, simama kwanza.

Kuna nafuu moja ambayo wengi huiacha mezani. Riba ya mkopo wa nyumba unayoishi mwenyewe huondolewa kwenye mshahara kabla ya kodi kukatwa, hadi shilingi 360,000 kwa mwaka tangu mwisho wa 2024. Kwa aliye kwenye daraja la asilimia 30 hiyo ni hadi 9,000 kwa mwezi. Peleka karatasi za riba kwa mwajiri, usingoje akuulize. Na nisiwe mkali upande mmoja: 49,741 ya mwaka wa kumi na nane haitakuwa na uzito wa leo, na kodi ya Muyeye nayo haitabaki 18,000. Kununua si ujinga. Mkopo huu, kwa masharti haya, ndio sikupendekezei.

La mwisho kwenu ni hoteli. Unajua vizuri kuliko mimi kwamba Pasaka ikipita, Waitaliano wakirudi kwao, wafanyakazi hupelekwa likizo bila malipo mpaka kusi itulie. Pigeni hesabu ya mwezi wa Mei kwa mshahara wako peke yako. Sheria inamzuia mwajiri kukata zaidi ya theluthi mbili za mshahara, hivyo peke yako huenda hata hukidhi sharti hilo. Mkikwama, Sheria ya Ardhi ya 2012 inaitaka benki itoe notisi ya miezi mitatu ya kurekebisha deni, kisha notisi nyingine ya siku zisizopungua 40 kabla ya kuuza. Nendeni benki kabla ya notisi ya kwanza, mwezi ule ule hoteli inapofunga. Mimi nilikwenda baada ya miaka mitano.

Baba yangu wa Amu alikuwa akisema kukopa harusi, kulipa matanga. Siipendi methali hiyo. Humfanya mtu aogope badala ya kuhesabu, na wewe umeshahesabu, usiku, na simu mkononi.

Swali: Assalaam aleikum Shangazi. Sitaki riba, kwa hiyo nimeomba benki ya Kiislamu ininunulie nyumba. Lakini jumla niliyopewa inakaribiana na ya benki za kawaida. Wananizuga?
*Kijana wa Langoni, Lamu*

Jibu: Waaleikum salaam. Hapana. Benki kamili za Kiislamu zipo Kenya tangu 2008 na zinafanya biashara katika soko lile lile. Tofauti ni mkataba. Katika murabaha, benki inanunua nyumba na kukuuzia kwa bei iliyotajwa pamoja na faida, na bei hiyo haipandi hata Benki Kuu ifanye nini. Hiyo pekee ina thamani kwa mtu aliyepitia mwaka 1993. Katika musharaka unaopungua, mnamiliki pamoja na unanunua hisa za benki kidogo kidogo huku ukilipa kodi kwa sehemu yake. Hapo uliza kodi hiyo hupitiwa lini na kwa kigezo gani. Na kwa murabaha uliza swali moja zaidi: nikimaliza mapema, mnanisamehe sehemu ya faida? Wengine husamehe, wengine hawalazimiki. Taka jibu kwa maandishi.

Hukuniambia nyumba yenyewe ni ipi. Kama ni nyumba ya mawe ya mjini, ya urithi, ambayo babu alikufa bila kugawa au sehemu yake ni wakfu, hakuna benki ya dini yoyote itakayoigusa kabla ya hatimiliki kuwa safi. Anza na kadhi na ofisi ya ardhi, si na benki.

Swali: Nimeonyeshwa nyumba nzuri Malindi kwa bei ya chini sana. Muuzaji anasema ni "nyumba bila kiwanja". Naweza kuikopea?
*Mama Wawili, Maweni*

Jibu: Kuta ni zako, ardhi ni ya mtu mwingine, na kila mwezi utamlipa kodi ya kiwanja. Benki inataka kushika hatimiliki, na wewe hutakuwa nayo. Ndiyo maana bei iko chini. Ukinunua kwa pesa yako mwenyewe, muulize kwanza mwenye kiwanja, ana kwa ana, pamoja na wakili wako, na usikubali muuzaji awe ndiye mkalimani.