Anne-Caroline Chausson: BMX na baiskeli za milimani

Umeuliza kama kuna mwanamke aliyewahi kutamba kwenye BMX (mbio za baiskeli ndogo kwenye njia fupi yenye matuta) na baiskeli za milimani kwa pamoja. Yupo, na kwangu hana mpinzani: Anne-Caroline Chausson wa Ufaransa, mzaliwa wa Dijon, 1977.

Alianza na BMX akiwa mtoto, kisha akahamia mbio za kuteremka mlima. Huko alitwaa ubingwa wa dunia wa wakubwa kila mwaka kuanzia 1996 hadi 2003. Miaka minane mfululizo! Akauchukua tena 2005.

Lakini ninachokipenda zaidi ni Beijing 2008. BMX ilikuwa inaingia Olimpiki kwa mara ya kwanza, naye akarudi kwenye mchezo wa utotoni akiwa na miaka 30. Fainali ni mzunguko mmoja tu, kama sekunde 36 hivi. Kona ya mwisho Shanaze Reade wa Uingereza, bingwa wa dunia wakati huo, akajaribu kumpita, akaanguka. Chausson akavuka mstari wa mwisho akiwa wa kwanza na dhahabu ikawa yake. Ukipata video ya fainali hiyo, tazama anavyotoka kwenye geti la kuanzia mbio.