Wanamsalaba na Waturuki: Maswali Yenu

Maswali mengi niliyopokea safari hii yanahusu Vita vya Msalaba, ambavyo Wakristo wa Ulaya (Wanamsalaba) walipigania Yerusalemu na nchi za jirani, hasa mapigano ya majeshi ya Ulaya na Waturuki.

Waturuki walikuwa na farasi wepesi na wapiga mishale hodari. Ilikuwaje wakashindwa Dorylaeum, katika Uturuki ya leo, mwaka 1097?

Nusura washinde. Asubuhi ya Julai 1, Sultani Kilij Arslan wa Waseljuki, ukoo wa Kituruki uliotawala huko, alilivamia kundi la mbele la Wanamsalaba, chini ya kamanda Bohemond, likiwa limetengana na wenzake. Wapanda farasi wake walikuja mbio, wakafyatua mishale, wakageuka kabla ya kufikiwa. Lengo lilikuwa kuwachokoza wapanda farasi wa Ulaya wavunje safu na kuwafukuza, kisha wamalizwe mmoja mmoja. Bohemond akakataza. Kambi ikapigwa kando ya kinamasi, watu wakabanana na kuvumilia kwa saa kadhaa, huku wanawake wakiwapelekea wapiganaji maji pale pale mishale inapoanguka. Habari hiyo ya wanawake iliandikwa na mtu aliyekuwemo safarini, nami naipa uzito mkubwa: aliyevaa deraya mwezi wa Julai hana muda mrefu bila maji. Hatimaye wakafika makamanda wenzake, Godfrey na Raymond, na kundi la nyuma, naye Askofu Adhemar akazunguka kilima na kuwatokea Waturuki wasikomtazamia. Wakakimbia, wakaacha kambi yao na mali yote.

Ila kosa la Sultani lilianza kabla. Mwaka 1096 aliliangamiza kwa urahisi kundi la kwanza la mahujaji wa Kikristo wenye silaha duni, akadhani wanaofuata ni wale wale. Nicaea, mji wake mkuu, ilipozingirwa mwaka uliofuata, yeye alikuwa mbali huko Malatya akigombea mji na Waturuki wenzake, Wadanishmend, na familia yake ameiacha ndani ya kuta.

Je, mishale haikupenya zile deraya?

Mara nyingi haikupenya vya kutosha kuua. Chini ya deraya, iliyofumwa kwa vikuku vidogo vya chuma, walivaa vazi nene la kitambaa. Mwandishi Ibn Shaddad, aliyefuatana na Sultani Salahuddin katika vita na Wanamsalaba mwaka 1191, aliwaona askari wa miguu wa Kifaranga (yaani wa Ulaya Magharibi) wakitembea kwa utulivu, wengine wamechomwa mishale hadi kumi, wala safu haivunjiki. Farasi ndiye aliyeumia. Baada ya Dorylaeum farasi wengi walikufa kwa kiu njiani, hata wapiganaji wenye hadhi wakapanda maksai.

Salahuddin alikuwa Mturuki?

Hapana, Mkurdi, mzaliwa wa Tikrit. Lakini alikulia katika utumishi wa Nur al-Din, mtawala wa Shamu aliyekuwa Mturuki, na jeshi lake lilikuwa na Waturuki wengi.

Waturuki waliwahi kushinda kabisa?

Mara kadhaa. Mwaka 1101 majeshi matatu mapya kutoka Ulaya yaliingia Anatolia (Uturuki ya leo upande wa Asia) kwa kupishana, na yote matatu yakasambaratishwa. Kilij Arslan alikuwa yule yule na mbinu zake zile zile. Kilichobadilika ni kwamba safari hii alishirikiana na wale Wadanishmend aliokuwa akigombana nao. Kwangu mimi, hapo ndipo penye jibu la vita karibu vyote vya zama hizo: tazama kwanza nani ameungana na nani.

Basi haikuwa Waislamu dhidi ya Wakristo?

Imani ilikuwepo, tena kali, na watu waliifia. Lakini mipaka ilipindapinda. Mwaka 1098, Wanamsalaba wakiwa bado Antiokia, mji ulio kaskazini ya Yerusalemu, Wafatimi, watawala Waislamu wa Misri, waliwanyang'anya Waturuki Yerusalemu. Kwa hiyo mji huo ulipotekwa mwaka 1099, waliokuwa wakiulinda ni Wamisri.

Mfano mwingine ni vita vya Nicopolis, katika Bulgaria ya leo, Septemba 25, 1396, Wanamsalaba walipopambana na Waturuki wa Osmani. Mfalme Sigismund wa Hungaria aliwashauri Wafaransa wasitangulie. Wakakataa, wakitaka heshima ya pigo la kwanza. Walipanda mlima, wakakwama kwenye miti iliyochongwa ncha, wakafika juu wamechoka na kumkuta Sultani Bayezid na jeshi lake kuu likiwasubiri. Wahungaria walipojaribu kuokoa hali, waliowavunja nguvu ni wapanda farasi wa Kiserbia, Wakristo, chini ya Stefan Lazarević aliyekuwa mtiifu kwa Bayezid. Kesho yake mateka wengi walichinjwa, kwa kuwa Wanamsalaba nao walikuwa wamewaua mateka wao kabla ya vita. Wakubwa wachache waliachwa hai ili wakombolewe kwa fedha, akiwemo John wa Nevers, mrithi wa utawala wa Burgundy, jimbo la Ufaransa.